Mwizi anakufa katikati ya picha, alafu? Uchambuzi wa kisa cha The Painted Lady (1912)

Kuhusu majina kwanza

Kawaida kisa cha kufundishia unaanza kwa kufuta majina ili usimwanike mtu, sasa hiki kimekuja kikiwa kimeshafutwa tangu siku kilipotengenezwa. Kwenye picha yenyewe, The Painted Lady, filamu bubu ya Marekani iliyoongozwa na D. W. Griffith, wahusika ni dada mkubwa, dada mdogo, baba na mgeni, basi, hakuna mwenye jina. Na waliowaigiza nao hawakutajwa popote, maana kampuni ya Biograph ya New York ilikuwa na msimamo mkali kwamba jina la mwigizaji halitoki, na la dairekta halitoki pia. Kule Uingereza watazamaji walisumbua sana kutaka kujua yule binti anayeigiza dada mkubwa ni nani mpaka wasambazaji wakambandika jina la kubuni, Daphne Wayne! Mwenyewe alikuwa Blanche Sweet, mzaliwa wa Chicago, na picha hii ilipotoka Oktoba 1912 alikuwa na miaka 16.

Hayo majina yote yalishaingia kwenye historia kwahiyo nitayataja. Wale wa ofisini wa Biograph mimi nitawaita mabosi tu, kwenye kisa hiki walichofanya ndo cha maana, nani hasa alifanya hakiongezi kitu.

Mazingira ya kazi

Ili uelewe maamuzi ya hawa watu lazima uelewe kwanza kitu kinaitwa rili moja. Rili moja ilikuwa futi 1000 za filamu, ukiikokota kwa mkono kwa mwendo wa picha 16 kwa sekunde inakupa dakika 16 na ushee, na kwa kuwa mtu wa projekta ndo alikuwa anazungusha mwenyewe, siku akiwa na haraka dakika zinapungua. Hicho ndo kilikuwa kipimo cha biashara nzima. Kampuni zilikuwa zimeungana tangu Desemba 1908 kwenye umoja wa wenye hataza (haki za kumiliki uvumbuzi), kina Edison na Biograph na wenzao, na mwenye ukumbi alikuwa anapokea rili zake kila wiki kwa oda ya kudumu na bei ya rili ilikuwa bei ya rili, iwe nzuri iwe mbovu. Kumbi zenyewe zilikuwa nikelodioni, zimeanza kushika kasi kuanzia Pittsburgh mwaka 1905, kiingilio senti 5, viti vya mbao, piano pembeni, fikiria vibanda umiza vyetu na utakuwa umepata picha yake, na programu ilikuwa inabadilika karibu kila siku kwahiyo njaa ya picha mpya haikuisha.

D. W. Griffith aliingia kwenye udairekta pale Biograph katikati ya 1908, studio ikiwa kwenye nyumba namba 11 East 14th Street, Manhattan, na mpaka anaondoka 1913 alikuwa ameongoza picha zaidi ya 400. Kameramani wake mkuu ni Billy Bitzer. Ukitoa rili mbili kila wiki huna muda wa kukaa na kuwaza sanaa, unatafuta fomula inayoshika. Na fomula yao iliyoshika kuliko zote ilikuwa hii: mwanamke yuko ndani, wezi wako nje, mume au mchumba yuko mbali anakimbia kuja kuokoa, na editi inaruka huku na kule, kasi inaongezeka, mpaka anafika sekunde ya mwisho. The Lonely Villa ya 1909 ndo hiyo. The Lonedale Operator ya Machi 1911 ndo hiyo tena ila kwa treni, na aliyekuwa ndani ni huyu huyu Blanche Sweet, hajafikisha hata miaka 15. Mule anawazuia wezi kwa kitu kinachong'aa gizani, wao wanadhani bastola, baadae inaletwa shoti ya karibu kabisa tunaona kumbe ilikuwa spana. Watu wanacheka, mchumba ameshafika na treni, mambo yameisha vizuri.

Kwahiyo mtazamaji wa 1912 akimwona binti wa Biograph yuko nyumbani usiku na kuna mtu anaingia kwa dirisha, tayari anajua kinachofuata, na ndo hapo picha hii inapomshika.

Kisa chenyewe kilivyokwenda

Kuna dada wawili na baba mkali wa maadili. Baba hataki mekapu, anaona poda na rangi ya uso ni mwanzo wa kupotea. Dada mdogo hajali, anajipaka. Dada mkubwa anatii. Wanaenda kwenye sherehe ya aiskrimu, zile za kijijini za watu kukaa bustanini, na pale vijana wote wanamzunguka mdogo, mkubwa anabaki kama hayupo vile. Kuna sehemu anakaa tu anaangalia wengine na hakuna anayemkaribisha, na haijakuzwa kabisa, inapita.

Anatokea mgeni. Anamsikiliza, anamsifia hivyo hivyo alivyo bila rangi, na wanaanza kukutana kwa siri kwenye kibanda cha majani pale bustanini. Tatizo ni kwamba mgeni habari anazozitaka zaidi ni za pesa za baba. Usiku dada mkubwa anasikia mtu ndani, anachukua bastola, anamkuta mwizi amefunika uso, bastola inalia, mwizi anaanguka. Anamfunua uso. Ni yule yule.

Sasa hapa ndo katikati ya rili hivi. Kwa fomula ya kawaida picha imekwisha, mwizi amekufa na pesa ziko salama, baba akija anamkumbatia binti shujaa. Picha inakataa kuisha. Inabaki naye. Akili yake inaondoka, anarudi kwenye kile kibanda cha majani anakutana na mpenzi ambaye hayupo, anaongea nae, anamkaribisha, anamcheka kwa aibu ile ya mwanzo. Mara anakumbuka, mara anasahau. Mwishoni anajipaka ile rangi aliyokataa maisha yake yote, na anakufa.

Hiyo ndo hadithi nzima kwenye kipande kisichofika hata nusu ya episodi moja ya tamthilia ya siku hizi.

Maamuzi na sababu zake

La kwanza na kubwa kuliko yote ni wapi pa kuweka risasi. Wangeiweka dakika ya 13 ingekuwa picha ya wezi yenye mwisho wa kushtua, nzuri tu, ingeuza kama nyingine. Waliiweka katikati. Maana yake nusu ya futi walizonazo wamezitoa kwa kitu ambacho hakina tukio lolote, hakuna mbio wala treni, ni mtu mmoja na kilichobaki ndani yake. Na kwa nini mabosi wakaruhusu? Mimi naona jibu liko kwenye ile oda ya kudumu. Kama rili inauzwa bei ile ile, mabosi wanahesabu futi na tarehe ya kutoka, hawahesabu risasi imelia dakika ya ngapi. Griffith alipata uhuru kwa sababu hakuna aliyekuwa anauangalia huo uhuru. Ila subiri tutaona huo mfumo ulivyomgeuka.

La pili ni mzimu. Mwaka 1912 kumwonyesha marehemu akitokea kwa kufifia, mwili unapitisha mwanga, ilikuwa ni kazi rahisi kabisa, unarudisha filamu nyuma kwenye kamera unapiga mara ya pili juu yake, Méliès wa Ufaransa alikuwa ameshafanya mambo ya hivyo tangu karne ya 19 na Bitzer alikuwa anazijua trick zote. Hawakutumia. Anaongea na hewa. Ukimweka mzimu mtazamaji anaona mzimu, anamsahau binti. Ukiacha hewa tupu huna pa kuangalia isipokuwa uso wake, na kila kitu kuhusu yule jamaa, urefu wake, amesimama wapi, amejibu nini, inabidi ukisome kwa binti. Mzigo wote unamwangukia mwigizaji wa miaka 16 na wakaamini ataubeba.

La tatu linahusiana na hilo, nalo ni tabia ya Biograph ya kurudi kwenye kona ile ile na kamera kwa kipimo kile kile. Watu huwa wanasema ni uvivu au ubahili, na kiasi ni kweli, ukishaipanga kamera kwenye seti unapiga shoti zote za pale siku moja unaokoa pesa. Lakini angalia inavyofanya kazi hapa. Kile kibanda cha majani tumeshakiona kina watu wawili. Tukikiona tena kwa fremu ile ile kina mtu mmoja na pengo upande wa pili, pengo lina umbo la mtu. Hakuna kibao cha maandishi, kile kinachokatisha picha bubu ili usome, kilichohitajika kutuambia kwamba amemkumbuka.

Alafu kuna suala la kuigiza kwenyewe. Waigizaji wengi wa wakati ule walitoka kwenye jukwaa la melodrama ambako huzuni ina ishara yake, mkono wa nyuma ya kiganja unapandishwa kwenye paji la uso, hofu nayo ina yake, mikono miwili mbele vidole vimetanuka, na mtu wa kiti cha nyuma kabisa anaelewa. Ukiangalia picha za Biograph za 1908 ndo utaziona hizo mkono juu mkono chini. Frank Woods wa gazeti la maigizo la New York Dramatic Mirror alikuwa ameanza mapema kuandika kwamba hii ni kazi nyingine, mwigizaji aache kuiangalia kamera, atulie, afanye kama haangaliwi. Griffith alikuwa anawafanyisha mazoezi kabla ya kupiga, kitu ambacho wengi hawakukifanya maana kinakula siku, na kamera ikawa inasogea mwaka hadi mwaka, miguu ikaanza kukatwa na fremu, alafu magoti, watu wa zamani walilalamika kwamba wamelipa kuona mtu mzima sio nusu mtu. Kwenye hii picha akishamfunua yule mwizi kamera imemkaribia vya kutosha na inakaa, haikatwi haraka, na Sweet anapita kwenye kutoelewa, kuelewa, kukataa, kurudi tena kuelewa, uso wote, mikono karibu haina kazi.

Kitu kidogo cha kiufundi ambacho mimi nakipenda. Filamu ya wakati ule ilikuwa haioni rangi nyekundu, nyekundu inatoka nyeusi. Kwahiyo ile rangi ya mdomo na mashavu anayojipaka mwishoni haikutoka kama urembo, inatoka kama giza usoni. Sidhani kama unahitaji kuipigia hesabu nyingi, kila mtu wa kamera wa wakati ule aliijua, ila kwa picha ambayo hoja yake nzima ni mekapu ni bahati ya ajabu.

Ilikuwaje baadae

Biograph waliendelea na kazi, wiki ikifuata wiki, wiki chache baadae wakatoa The New York Hat yenye Mary Pickford na kofia ya dola 10, nayo ni tabia tupu, hakuna mwizi hata mmoja, kuna kanisa na wambea. Kwa maneno mengine njia ilikuwa imeshafunguka. Mwaka 1913 ikaja The Mothering Heart yenye Lillian Gish, rili mbili, na ukiangalia pale anavyoiharibu ile bustani kwa fimbo baada ya kufiwa unaona hawa watu walikuwa wameshaelewa kitu.

Lakini mfumo uleule uliompa Griffith uhuru ndani ya rili haukutaka kumpa uhuru wa nje ya rili. Mabosi walikuwa wagumu sana kwenye urefu. Enoch Arden ya Juni 1911 ilikuwa na rili mbili wakaitoa vipande viwili siku tofauti, watazamaji wenyewe ndo wakadai waone vyote kwa pamoja. Alipomaliza Judith of Bethulia ya rili nne, Blanche Sweet akiwa stelingi, ugomvi ukakomaa na vuli ya 1913 akaondoka na waigizaji wengi wakamfuata. Desemba hiyo hiyo akalipia tangazo kubwa kwenye Dramatic Mirror akijitaja kuwa yeye ndo aliyefanya picha zile zote na kuorodhesha aliyoyaleta, shoti za karibu, kuruka huku na huku kwenye editi, na kitu kingine akakiita kujizuia katika kuonyesha hisia. Hayo mengine wanahistoria wameshabishana naye sana maana wengine walikuwa wakiyafanya kabla yake. Hilo la mwisho, ukishamwona Sweet kwenye kile kibanda, unaona ana haki ya kulidai, ingawa sifa ingetakiwa igawanywe.

Sweet alihamia kampuni ya Lasky akawa nyota kwa jina lake mwenyewe. Na Griffith, miaka isiyozidi mitatu baada ya kazi hii, alichukua ufundi ule ule wa uso na ukimya na editi akautumia kuwatukuza Ku Klux Klan, lile kundi la Wazungu wabaguzi, kwenye The Birth of a Nation, NAACP, chama cha kutetea haki za Wamarekani weusi, wakaandamana na walikuwa na haki kabisa. Nimeitaja kwa sababu watu wakifundisha Biograph huwa wanaikwepa, kana kwamba ni mtu mwingine.

Kilichofanya kazi

Naona siri iko kwenye kutumia fomula kama chambo. Mtazamaji alishafundishwa na The Lonedale Operator kwamba binti huyu na mwizi maana yake ni mbio za kuokoa, akakaa vizuri kusubiri mbio. Anapewa risasi bila mbio. Hakuna wa kuja kumwokoa kwa sababu anayepaswa kuja kuokoa ndo mwenyewe yuko chini sakafuni. Mwaka mmoja na nusu nyuma spana ilijifanya bastola na kila mtu akacheka, sasa bastola ni bastola. Tukio la haraka linafanya kazi ya kutufungulia mlango wa tabia, na tukishaingia hatulihitaji tena. Waandishi wa short film wa leo wengi naona wanafanya kinyume, dakika 10 za kumtambulisha mtu alafu twist inapigwa sekunde ya mwisho na kredit zinapanda, kwahiyo hatujui twist ilimfanya nini huyo mtu tuliyemkalia dakika 10.

Kingine ni uchache. Mtu mmoja, jambo moja analolitaka (aonekane na mtu bila kujipaka), na kila shoti inaligusa hilo. Sherehe inaligusa, mgeni analigusa kwa kulitimiza kwa uongo, risasi inalivunja, kibanda kinalirudisha kama ndoto, rangi ya mwisho inalikana. Kwa futi 1000 huwezi kubeba mambo mawili.

Na ile hewa tupu, nimeshasema, siirudii.

Kilichoshindwa

Wazimu unakuja kwa haraka mno. Anaona uso wa marehemu na ndani ya muda mfupi sana akili imekwenda, na wakati ule jukwaa lilikuwa na desturi ya mwanamke kupata wazimu akipigwa na jambo zito kwahiyo watazamaji hawakuuliza, lakini ukiangalia saivi unahisi kuna hatua moja imerukwa, hatua ya mtu kukaa na alichofanya akiwa na akili zake. Nahisi ndo hatua ngumu kuliko zote kuigiza na ingekuwa bora kuliko zote.

Mgeni ni mtego tu. Aliyemwigiza, Joseph Graybill, ana sura inayoweza kubeba kusitasita, na kuna dakika pale kibandani unaanza kujiuliza kama labda na yeye amempenda kidogo, picha haifuatilii. Ingefuatilia kidogo tu, ile risasi ingeuma pande mbili.

Baba naye ananikera, sio kwa ukali wake, ukali ni sawa, ila kwa kuwa picha haijaamua inamlaumu au inamkubali. Binti aliyetii ndo anayeangamia, na binti asiyetii yuko salama anacheka na vijana, kwahiyo ungedhani picha inasema baba amekosea. Alafu ile rangi ya mwisho inaonyeshwa kama alama ya kupotea kabisa, kama baba alivyosema tangu mwanzo. Wengine wataita huo ni utata wa kisanii. Mimi naona ni watu waliokuwa na rili nyingine ya kupiga Alhamisi.

Sera ya majina nayo ilikuwa hasara ya wazi. Picha inayosimama kwa uso wa mtu mmoja, na kampuni inakataa kusema huo uso ni wa nani. Florence Lawrence, mwigizaji wao, alikuwa ameshaondoka kwenda kwa Carl Laemmle, mwenye kampuni pinzani, na 1910 Laemmle akamtangaza kwa jina mji mzima, soko lilikuwa limeshaonyesha njia, na Biograph waliendelea kuficha mpaka 1913 wakiogopa mishahara itapanda. Ilipanda hivyo hivyo, ikalipwa na kampuni nyingine.

Mwisho dada mdogo. Anaanzisha kila kitu na baada ya hapo anapotea kwenye hadithi kama hana damu na huyu anayechanganyikiwa nyumba moja naye. Vipodozi ni vyake. Shoti moja tu ya mdogo akigundua mkubwa amevichukua, futi 50 hazifiki, na futi zilikuwepo maana ile sherehe ya aiskrimu mwanzoni imekaa ndefu kuliko inavyohitaji.